Mdomo na Koo

Mui Sek-hung alikuwa amekufa mara nyingi kuliko mtu yeyote wa mtaa wa Yau Ma Tei, na bado kila asubuhi alikwenda mkahawani kunywa chai yake kama kawaida. Alishachomwa visu, akatupwa kutoka ghorofani, akazamishwa kichwa ndani ya pipa la mchuzi wa soya, na safari moja akaangukiwa na jeneza ambalo halikuwa hata la kwake. Katika sinema za Hong Kong hakuwahi kuwa stelingi hata siku moja. Yeye alikuwa yule wa pili kushoto kwa adui mkubwa, mwenye kovu la gundi na nyusi nene, anayemtisha stelingi mwanzoni na kutandikwa vibaya katikati, ili watazamaji wajue kwamba adui mwenyewe atakuwa kazi kwelikweli. Kila alipokufa, kampuni ilimpa bahasha nyekundu ya kuondoa nuksi, naye aliifungua palepale akanunua peremende na kuwagawia watu wa taa. Hela ya namna hiyo hakutaka kulala nayo nyumba moja.

Mkahawani kila mtu alimjua. Aliyemjua kupita kiasi ni Keung, mhudumu aliyebeba birika pale tangu nywele zake zikiwa nyeusi tii. Keung hakuweza kuipita meza ile bila kuchokoza.

"Ami Hung! Leo tupe lile neno. Moja tu, nifanye kazi kwa moyo."

"Niache ninywe chai."

"Ah, Ami, unatubania! Sauti tamu hivyo unaiweka akiba ya nini? Utazikwa nayo?"

Hung alicheka kwa nyusi tu, akaonyesha kikombe. Keung akamimina, akaondoka akilisema neno lenyewe kwa sauti yake ya pua: "Ukitoka mlango huu kwa miguu yako, jina la ukoo wangu liandikwe kichwa chini!" Meza za karibu zikampigia makofi.

Neno hilo, kiapo cha mtu aliye tayari jina lake liaibike akishindwa, lilikuwa limeenea mji mzima. Madereva wa teksi walitupiana barabarani, akina mama waliwatishia watoto wasiotaka kuoga, na mtu akikataa kulipa aliposhindwa karata, aliambiwa hilohilo. Na kila aliyelisema alijaribu kuiga ile sauti nzito, ya taratibu, kama mtu anayeongea akiwa chini ya kisima. Sauti ile ndiyo iliyomfanya Hung akumbukwe, kwa sababu sura za watu wa pili kushoto zilikuwa nyingi na zote zilifanana.

Tatizo ni kwamba sauti haikuwa yake.

Enzi hizo kamera zilinguruma kuliko cherehani mbovu, na hakuna aliyejisumbua kurekodi sauti kwenye seti. Mwigizaji kazi yake ilikuwa kufumbua mdomo. Mwenye bidii alisema maneno yaliyoandikwa, mvivu alihesabu moja, mbili, tatu kwa uso wa hasira au wa mapenzi, kadiri ilivyotakiwa. Baadaye filamu ilipelekwa kwenye chumba cha giza, na watu wengine, ambao sura zao hazikujulikana na mtu, waliitazama midomo ile ikizungushwa tena na tena na kuiwekea maneno. Midomo ya Hung, kwa zaidi ya miaka ishirini, iliwekewa maneno na mtu mmoja aitwaye Poon Gwong-yiu, mfupi, mwembamba, mwenye kifua cha kuku na koo la fahali.

Na neno lenyewe lilizaliwa kwa njaa. Siku ile walipiga picha tangu alfajiri bila kutia kitu mdomoni, na ilipofika zamu ya Hung kumtisha stelingi, maneno yote yalikuwa yamemtoka kichwani. Basi akakunja uso, akamsogelea stelingi pua kwa pua, na kwa chuki kubwa akamtajia vitu alivyovitamani: kamba wa mvuke, maandazi ya nyama, miguu ya kuku, keki ya figili. Mwongozaji aliridhika. Poon, kule gizani, alijaribu kuyabandika maneno ya mwandishi juu ya midomo ile, yakagoma. Akalala nayo, akaamka nayo, mwishowe akatunga maneno yake mwenyewe yanayokaa sawasawa. Ndiyo hayo ya jina kuandikwa kichwa chini.

"Hebu niambie, mwanaharamu wewe," Poon alimwambia walipokutana mara ya kwanza, kwenye karamu ya kumaliza filamu. "Pale ulikuwa unasema nini?"

Hung akamwambia. Poon alicheka mpaka akaegemea ukuta. Kuanzia siku ile walikuwa ndugu, na hawakuitana tena majina ya wazazi wao. Huyu alikuwa Mdomo, yule Koo.

Walikuwa na mchezo wao pale mkahawani. Hung alisimama, akakunja uso, akasogeza midomo, na Poon, aliyejificha nyuma ya gazeti meza ya pili, akalitoa neno kwa sauti ile ya kisimani. Wateja walishangilia. Hakuna aliyewahi kugundua, na Keung ndiye aliyekuwa wa mwisho duniani kugundua jambo lolote.

Kwa nini Hung hakujisemea mwenyewe? Hapa ndipo panapouma. Alikuja Hong Kong kijana kutoka vijiji vya Toisan, na ulimi wake ulibaki kulekule. Herufi ya s ilimtoka kwa ubavu wa ulimi, pamoja na upepo, kama mtu anayepuliza uji wa moto. Filamu yake ya kwanza, enzi za zamani kabisa ambapo sauti bado ilirekodiwa papo hapo, ilimpa mstari mmoja tu wa kusema: amwambie tajiri kwamba chai iko tayari. Akausema. Seti nzima ikalipuka. Alicheka stelingi, akacheka mama wa vipodozi, wakacheka wabeba taa kule juu. Mwongozaji alijifuta machozi, akasema, "Mpeni sinia, huyo, na mdomo mfungeni." Akacheza filamu yote kama mtumishi bubu.

Watu walisahau siku hiyohiyo. Hung hakusahau. Aibu ile ilimkaa kooni kama mwiba wa samaki, na tangu hapo mbele ya watu aliongea kidogo, kwa chini, akikwepa maneno yenye s kama anayeruka madimbwi. Mkewe alikuwa akimwambia, "Nyumbani unapayuka kama mnadi samaki. Ukitoka nje unaiacha wapi hiyo sauti?" Alicheka, akavaa viatu, akatoka.

Kisha mambo yakageuka. Kamera mpya zilikuja zisizo na kelele, wakubwa wakaanza kutaka sauti ya kweli papo kwa papo, na vyumba vya giza vikafungwa kimoja baada ya kingine. Poon alikosa kazi, akahamia kwa binti yake huko Tuen Mun, mbali na mjini. Mwanzoni walipigiana simu. Baadaye simu zikawa za mwaka mpya tu, na mwaka huu hata hiyo haikuja. Hung naye aliitwa mara chache, na akiitwa ni kwa ajili ya kulala chini akiwa maiti. Maiti haina lafudhi.

Ndipo akapigiwa simu na mwongozaji kijana, mwanamke, jina lake Yip Suet-man.

"Ami Hung, nina nafasi yako kwenye filamu yangu."

"Nakufa wapi?" Hung akauliza kwa chini.

"Hufi, Ami."

"Hata kidogo?"

"Hufi kabisa. Wewe ni baba. Mpishi, mtu wa shamba, mkewe ameshafariki, na mwanawe wa pekee anahamia Kanada. Kuna tukio moja refu mezani, wewe na mtoto mnakula kabla hajaenda uwanja wa ndege. Filamu yangu yote iko kwenye meza hiyo." Kisha akaongeza, "Nimekua nikikusikia, Ami. Tangu mdogo nakuogopa. Nataka mara moja sauti ile iseme maneno ya upole. Tunarekodi papo hapo, hakuna kuingiza baadaye."

Mtu mkweli angesema ukweli pale pale. Hung alikuwa mtu mkweli, lakini alikuwa amesubiri tukio refu tangu ujana wake, na sasa alikuwa na mvi mpaka ndani ya masikio. Akasema, "Haya."

Siku ya kusoma maandishi alifika amejifunga skafu, akanong'ona kwamba koo limemkamata. Suet-man alimletea dawa ya kikohozi, ile nzito tamu ya asali, na Hung akalamba vijiko mbele ya watu wote. Siku ya pili akanong'ona tena. Siku ya tatu Suet-man alimvuta pembeni.

"Ami, sitaki kukukosea adabu. Tunapiga tukio la meza Alhamisi. Ukiwa bado hivyo, itabidi nimchukue mtu mwingine. Ile nyumba tumeikodi kwa siku hiyo tu."

"Alhamisi nitakuwa sawa," Hung akanong'ona. Kisha akanunua bata bukini wa kuchoma, akapanda basi kwenda Tuen Mun.

Njiani alipanga maneno. Atamwomba Koo aje kwenye seti, ajifiche mahali, nyuma ya kabati au chini ya meza, afanye kama mkahawani. Akishindwa hilo, wamwombe mwongozaji akubali kuingiza sauti baadaye, mara hii tu. Alijua ni upuuzi. Lakini mtu anayezama hachagui kamba, na Hung alishazama mara nyingi, ijapokuwa ni kwenye mchuzi wa soya.

Mlango ulifunguliwa na Wai-fong, binti wa Poon. Hung alianza kusema kabla hajavua viatu.

"Koo! Toka huko, nimekuletea bata! Nina shida, ndugu yangu, shida kubwa, usinicheke..."

Poon alikuwa amekaa dirishani. Alikuwa amekonda zaidi, na shingoni alivaa kitambaa cheupe kama kile cha mate cha mtoto mchanga. Alimwona Hung, akainua mikono yote miwili kwa furaha, akafumbua mdomo. Hakikutoka kitu. Kitambaa tu kilicheza kidogo, kikaingia na kutoka.

Bata akamponyoka Hung mkononi.

"Walimtoa koo lote," Wai-fong akasema taratibu, akiokota mfuko. "Saratani. Imeshapita miezi mingi, Ami, amepona. Ila sauti ndiyo hivyo."

"Kwa nini hamkuniambia?"

"Alikataza. Alisema utakuja ulie, na wewe ukilia unatisha kuliko ukitisha."

Hung akalia. Akasimama pale mlangoni na kiatu kimoja mguuni, akalia kwa uso wake mbaya wa adui, na Poon akamjia, akamshika masikio kama mtoto, akamtikisa. Midomo ya Poon ikaenda mbio. Hung akaitazama, akaitazama, hakuambulia neno.

"Baba anasema umezeeka," Wai-fong akasema.

"Mwambie na yeye pia."

"Anasikia, Ami. Masikio hayakutolewa."

Wakala bata. Poon alisogeza midomo, Wai-fong akasema, Hung akajibu, na kila mara Poon alimcheka bila sauti kwa sababu Hung alikuwa akiinama na kukodoa macho kama anayetafuta sindano. Miaka yote Poon alisoma midomo ya Hung kama gazeti. Leo Hung alikuwa na zamu ya kusoma, na hakujua hata irabu.

Shida yake hakutaka kuitaja tena. Aliionea haya. Lakini Poon alishasikia neno "shida", hakumwachia, na mwishowe Hung akaitema yote: simu, baba asiyekufa, dawa ya kikohozi, Alhamisi.

Poon akanyoosha mkono. Alitaka maandishi. Akayasoma, akamrudishia, akagonga meza kwa kidole: soma.

Hung akajikohoza, akashusha kidevu, akaitafuta ile sauti ya kisimani. Aliijua kuliko wimbo wowote. Akasoma mstari wa kwanza nayo, na kwa kweli hakuiga vibaya.

Poon alipiga meza kwa kiganja mpaka mifupa ya bata ikaruka.

"Anasema hiyo ni yake," Wai-fong akasema. "Anasema yuko hai bado, usimrithi. Lete yako."

"Yangu wataicheka, Koo. Unajua."

"Anasema lete."

Basi Hung akasoma kwa sauti yake. Mwandishi alikuwa kama ametumwa, maana mstari wa kwanza ulikuwa huu: *Sogeza sahani, mwanangu. Samaki wa leo safi sana.* Upepo ulitoka ubavuni mwa ulimi kila neno, na Hung alipomaliza alibaki ameinama, anasubiri kicheko, akasahau kwamba mle ndani mwenye kucheka hana cha kuchekea.

Poon hakucheka hata kwa mabega. Aliashiria: tena. Hung akasoma tena. Poon alikuwa amesogea karibu kabisa, macho kwenye midomo ya Hung, kama kule gizani zamani, na midomo yake mwenyewe ilikuwa ikifuata polepole.

"Anasema..." Wai-fong akakwama, akamtazama baba yake, akaanza upya. "Anasema miaka yote alikuwa akijiuliza, mdomo huo ukisema maneno ya kweli unakuwaje. Maana wewe ulimpa namba na maandazi tu."

"Watacheka," Hung akasema tena, lakini chini zaidi.

Poon akasogeza midomo taratibu mno, kama anayemfundisha mtoto kusoma, na Hung, kwa mara ya kwanza, akashika neno moja, halafu la pili. Hata hivyo Wai-fong alilisema, kwa sababu hakuweza kujizuia.

"Anasema leo hii angetoa chochote alicho nacho, ili naye achekwe sauti yake."

Alhamisi walipigia picha kwenye nyumba ndogo ya ghorofani huko Sham Shui Po, dirisha limefunikwa magodoro ili kelele za soko zisiingie. Mezani palikuwa na samaki wa mvuke, mboga, bakuli mbili za wali. Anayecheza mtoto alikuwa Tse Long-hin, kijana mwenye nywele za kupakwa mafuta, stelingi mtarajiwa, mpole, mwenye kucheka ovyo.

Kamera ikaanza. Hung akafumbua mdomo, na woga ukamrudisha palepale alipokatazwa kwenda: akashusha kidevu, akaazima sauti ya Poon. Ilitoka nyembamba, imepasuka katikati.

"Simama," Suet-man akasema. Akaja mpaka mezani, akachuchumaa. "Ami, koo bado?"

Hung aliutazama uso wa binti yule. Alikuwa amechoka, na alikuwa na adabu, na adabu ile ilimuumiza kuliko tusi.

"Koo hili halijaumwa hata siku moja, mwanangu," akasema, kwa ulimi wake wa Toisan, na s zote zikapuliza. "Nimekudanganya. Sauti unayoitaka si yangu, ni ya Poon Gwong-yiu. Ilikuwa yake siku zote. Wamemtoa koo kwa saratani mwaka huu. Haipo tena mahali popote."

Mtu wa sauti, aliyevaa visikizio, aligeuka taratibu. Suet-man alibaki amechuchumaa, na lilikuwa jambo la wazi kabisa usoni mwake kwamba kuna kitu chake cha utotoni kimevunjwa sasa hivi mbele ya macho yake. Akainuka. Akatazama magodoro dirishani, akatazama saa.

"Basi sema kwa hiyo uliyo nayo," akasema kwa ukavu. "Mara moja. Nisipopata kitu, Ami, tutaagana vizuri."

Kamera ikaanza tena. Hung alishika vijiti, akasogeza samaki.

"Sogeza sahani, mwanangu. Samaki wa leo safi sana."

Na Long-hin akacheka.

Hakukusudia. Alibana, akashindwa, kikamtoka puani, kisha mdomoni, kicheko kizima cha kijana wa mjini. Kilikuwa kicheko kilekile. Hung alikijua, kilikuwa kimelala kooni mwake tangu siku ya sinia, na kwa kufumba na kufumbua alikuwa tena kijana yule mwenye viatu vya kuazima, anatamani sakafu ipasuke. Suet-man aliinua mkono ili asimamishe.

Lakini Hung akilini alimwona Poon kule Tuen Mun, amekaa dirishani, na kile kitambaa cheupe kinaingia na kutoka.

"Unacheka nini?" akasema.

Long-hin alishtuka. Maneno hayo hayakuwa kwenye maandishi.

"Cheka," Hung akasema, akimtolea samaki mwiba mmoja mmoja, akimwekea nyama kwenye wali. "Tangu umeanza shule unaucheka ulimi huu. Ulinikataza nisije siku ya wazazi, ukadhani sikujua kwa nini. Nilijua. Nilikaa nyumbani nikakaanga wali wako. Basi cheka leo, ushibe kucheka. Huko unakokwenda watakusalimia watu wenye kusema vizuri sana, na hakuna hata mmoja atakayekuuliza kama umekula." Akasukuma bakuli. "Haya. Kula, samaki anapoa."

S zake zote zilikuwemo, na alizisema kwa sauti ya nyumbani, ile ya kupayuka. Long-hin alikuwa ameacha kucheka zamani. Alichukua vijiti, akala, akala tena, machozi yakimdondokea kwenye wali, na hakuna aliyemwambia alie. Mkono wa Suet-man ulibaki juu. Mtu wa sauti alikuwa ameshika visikizio kwa mikono miwili, kama vitamkimbia.

Hatimaye mkono ukashuka. "Tumepata," Suet-man akasema, na sauti yake mwenyewe haikuwa imara. Akapenga kamasi, akamgeukia msaidizi wake. "Andika: mtoto anacheka mwanzoni. Tutapiga na upande wa pili."

"Ami, nisamehe," Long-hin akanong'ona. "Sikutaka kukucheka."

"Umecheka vizuri," Hung akasema. "Ila mwiba mmoja umeumeza, nimekuona. Kunywa maji."

Filamu ilipotoka, Hung alimpeleka Poon kwenye onyesho la mchana pale Yau Ma Tei, Wai-fong katikati yao. Lilipofika tukio la meza Hung hakutazama skrini. Alimtazama Poon. Poon alikuwa amesogea mbele kwenye kiti, macho kwenye midomo ile mikubwa yenye mwanga, anakagua kazi kama fundi anayekagua mshono. Na nyuma yao mwanamume mmoja akamwambia mwenzake, bila hata kujisumbua kushusha sauti, "Aisee, wamemharibu mzee wa watu. Hiyo sauti si yake, wamemwekea ya mtu mwingine!"

Poon alicheka mpaka viti vya mstari mzima vikatikisika.

Wakatoka, wakaenda mkahawani. Keung alipowaona alitua birika kwa kishindo.

"Mzee Poon! Umefufuka! Na wewe, Ami Hung, nimekuona kwenye sinema, nikalia kama mjinga, lakini ile sauti sikuielewa, ulikuwa na mafua? Leo huniponyoki. Lile neno, mbele ya shahidi. Sauti yako ya kweli!"

Meza zote zikageuka. Hung akamtazama Poon. Midomo ya Poon ilicheza kidogo, na Hung, bila kumwuliza Wai-fong, alisoma: *Gazeti.*

Basi akaenda meza ya pili, akakaa, akafungua gazeti akajificha nyuma yake. Poon Gwong-yiu akasimama, mfupi, mwembamba, na kitambaa chake shingoni. Akakunja uso. Akamsogelea Keung pua kwa pua, akafumbua mdomo kwa chuki kubwa.

"Ukitoka mlango huu kwa miguu yako," ikasema sauti kutoka nyuma ya gazeti, ya Toisan tupu, ya mnadi samaki, yenye upepo ubavuni, "jina la ukoo wangu liandikwe kichwa chini!"

Ilikaa sawasawa juu ya midomo ile, haikuchelewa hata nusu neno. Keung alimtazama Poon, akalitazama gazeti, akamtazama tena Poon, na taratibu, kwa mara ya kwanza tangu ashike birika, akaelewa. Mkahawa mzima ukalipuka kwa kicheko. Nyuma ya gazeti, Hung alikisikiliza chote mpaka mwisho, kisha akaanza kucheka na yeye, kwa sauti.